Maharage ya Tengeru hupanda ndege, yakikataliwa anapewa ng'ombe!

Wiki hii sikupeleki mbugani kuona twiga, wala sikupandishi Mlima Meru ukapate mafua. Nakupeleka kilomita kama 13 tu kutoka katikati ya jiji la Arusha, pale Tengeru, halafu nakurudisha mpaka jikoni kwako. Kama wewe ni kapera wa geto mwenye jiko moja la mkaa, au ni sista du unayesema kupika kunakuharibia kucha, kaa mkao wa kula, maana habari yenyewe ni ya kula kweli.

Kisa kilianzia mjini, kwenye hoteli moja ya Kichina ambayo jina lake nalihifadhi. Nilikuwa nimemtoa mrembo mmoja (jina kapuni) kwa mlo wa jioni. Si unajua tena, mwisho wa mwezi na wewe unajiona mtu. Mrembo akaagiza wali na kuku. Mimi nikapitisha macho kwenye orodha, nikaona mboga moja imeandikwa kwa Kichina na Kiingereza, bei yake sh. 15,000. Nikajua kwa bei hiyo lazima kuna nyama ya maana ndani yake. Nikaiagiza kwa mbwembwe.

Sahani ilipofika nikabaki mdomo wazi. Maharage machanga! Yale ya maganda ya kijani, membamba kama penseli. Yamekunjamana kidogo, yana madoa ya moto, juu yamepambwa kwa vitunguu saumu na pilipili kavu. Nyama hakuna. Mchuzi hakuna.

"Haya si ndiyo yanalimwa kwenu Tengeru?" mrembo akaniuliza.

"Ndiyo hayo."

"Nyinyi huwa mnayapikaje?"

Hapo nikakwama. Nimezaliwa na kukulia chini ya Meru, shangazi yangu analima maharage hayo tangu niko shule ya msingi, na katika maisha yangu yote sikuwahi kuyatia mdomoni! Mrembo alicheka mpaka meza ya jirani wakageuka. Nikachukua uma kwa hasira, nikaonja.

Aisee! Nje yamekauka kwa moto, ndani bado yana utamu wa kijani. Unauma, yanakatika. Kwanza unapata chumvi, halafu kitunguu saumu, pilipili inakuja mwisho kabisa kama mgeni aliyechelewa harusini. Sahani nzima nilimaliza mimi. Lakini usiku ule sikupata usingizi, na si kwa sababu ya bili.

ADA ILITOKA SHAMBANI

Shangazi ndiye aliyenisomesha. Sare, madaftari, hela ya bweni, vyote mpaka namaliza Kidato cha Nne vilitoka kwenye kishamba chake kisichofika hata eka moja, juu ya Tengeru upande wa Akheri. (Matokeo yenyewe tusiyaongelee, ukurasa hautoshi.) Kwa hiyo maharage yale yamenivalisha viatu, yamenilipia chakula cha bweni, halafu mimi siyajui ladha yake. Nikaona hii sasa ni aibu.

Jumamosi iliyofuata nikadandia haisi ya Usa River pale Sanawari. Jumatano na Jumamosi ndizo siku kubwa za soko la Tengeru, kwa hiyo usitegemee kukaa kwa raha. Mapajani kwangu aliwekwa kuku wa mama mmoja bila hata kuombwa ruhusa. Tukapita Philips, Kwa Mrefu, Ngulelo, barabara ya njia nne inateleza kama ulimi wa mgombea, konda anapiga kelele "Tengeru sokoni!" kana kwamba kuna mtu asiyejua anakokwenda.

Ukishuka Tengeru siku isiyo na mawingu, Mlima Meru umekukalia kichwani. Una zaidi ya mita 4,500, wa pili kwa urefu nchini baada ya Kilimanjaro. Maji yanayoshuka kutoka msituni watu wameyaingiza kwenye mifereji, na udongo wenyewe ni wa volkano. Huku ukichomeka kijiti kesho kina majani. Ndiyo maana mwaka 1992 Kituo cha Dunia cha Mboga, chenye makao makuu kule Taiwan, kilifungua ofisi yake ya Afrika huku huku Tengeru. Kwa maneno mengine, watu wa Asia na mboga za Tengeru wamejuana zamani. Ni sisi wenyeji tuliochelewa kutambulishwa.

Nilizunguka soko lote. Ndizi zipo, nyanya zipo, parachichi, mnavu, vitunguu vya Mang'ola, mitumba mpaka ya watoto wachanga. Maharage makavu yamejaa kwenye madebe, kila rangi. Lakini maharage machanga niliyakuta kwa akina mama wawili tu, mafungu madogo, yamenyauka.

"Shikamoo mama. Haya wananunua akina nani?"

"Marahaba. Wafanyakazi wa nyumba za Wahindi na Wazungu, na watu wa mahoteli. Sisi wenyewe tutayafanyia nini, mwanangu?"

Kweli kabisa, Wahindi wa mjini wameyajua zamani. Wagujarati huyaita fansi, wanayakata vipande vidogo na kuyaunga kwa mbegu za haradali na manjano. Sisi majirani zao tumekaa nao miaka yote na hatukuuliza.

KOSA LAO NI KUNENEPA

Shangazi nilimkuta uwani, amezungukwa na makreti, uso umekunjamana.

"Shikamoo shangazi."

"Marahaba mwanangu. Leo umekumbuka nini?"

Asubuhi ile gari la kampuni moja inayosafirisha mboga nje (jina nalihifadhi vilevile) lilikuja kuchukua mzigo. Alikuwa amevuna makreti 13. Wamechukua 9, wamekataa 4. Haya yaliyokataliwa wakulima wameyapa jina lake: rijekti.

Nikainama kuyaangalia. Mimi nilidhani yameoza. Wala! Mengine yamepinda kidogo, mengine yana doa dogo kama kichwa cha pini, mengine yamenenepa. Kumbe huko yanakokwenda wanapima unene kwa milimita. Kuna daraja ambalo ganda halitakiwi kuzidi milimita 6, na lingine milimita 9. Na maharage haya hayangoji mtu. Kuanzia kupanda hadi kuvuna siku ya kwanza ni kama siku 50 hivi, baada ya hapo unavuna karibu kila baada ya siku moja. Ukiuguza mtoto, ukienda msibani siku mbili, ukirudi unakuta punje zimevimba ndani ya ganda. Mzigo umeshakuwa rijekti ukiwa bado shambani.

Yakikubaliwa yanapakiwa kwenye gari la baridi. Mengine yanaondokea uwanja wa KIA, na mengi kwa miaka mingi yamekuwa yakivuka mpaka wa Namanga kwenda kupandia ndege Nairobi. Siku chache tu na yako sokoni Ulaya. Mwaka 2020, korona iliposimamisha ndege, mzigo haukuwa na pa kwenda. "Wiki zile," shangazi akasema, "ng'ombe alinenepa kuliko mtu yeyote humu ndani."

"Kwa hiyo na haya anakula ng'ombe?"

"Sasa ale nani?"

Halafu akatulia, akaniambia kitu ambacho sikukitegemea. Mwanawe wa mwisho anaingia Kidato cha Kwanza Januari, mbegu na dawa alikopeshwa na wanakata humo humo kwenye malipo. "Msimu mmoja tu wakinikatalia tena hivi, nang'oa yote napanda majani ya ng'ombe. Afadhali nijue moja."

Nilikuwa nimekuja na hadithi ya kuchekesha ya mrembo na hoteli. Ikanikauka mdomoni. Nikaomba mfuko mmoja wa rijekti. Shangazi akaniangalia kama mtu aliyeomba mabua. "Umefuga sungura mjini?"

GETO LIKAJAA MOSHI

Jioni ile Ngarenaro nikajitosa jikoni. Nikayaosha vizuri, nikayatupa kwenye sufuria ya mafuta yakiwa bado yanachuruzika maji. Mafuta yakaruka kama fataki, nikarudi nyuma mpaka mlangoni. Kwa woga nikafunika. Nilipofunua nikakuta kitu kimelala ndani, rangi ya sare za mgambo, kinateleza. Mshikaji ninayekaa naye akaonja kimoja, akaniuliza, "Hii dawa unakunywa mara ngapi kwa siku?"

Sikukata tamaa. Jumatatu nikarudi kwenye ile hoteli, safari hii mlango wa nyuma. Niliyemkuta akipika maharage ya Kichina si Mchina, ni kijana wa Singida! Amejifunza humo humo jikoni kwa kuangalia. Nikamwambia ukweli wangu wote, akacheka, akanipa darasa akiwa anamenya vitunguu.

"Adui namba moja ni maji," akasema. "Ukiweka yameloa, moto wote unafanya kazi ya kukausha maji badala ya kukaanga. Yanachemka kwa mvuke, yanakuwa yale mateja uliyopika." Adui wa pili ni kifuniko, maana nacho kinarudisha mvuke. Adui wa tatu ni tamaa: ukijaza chombo, mafuta yanapoa, na umerudi pale pale. Kaanga kidogo kidogo.

Nikamwambia mimi sina lile kikaango lao kubwa la duara. Akaniangalia kwa huruma. "Wewe hujawahi kuona karai la maandazi?"

Jamani! Karai! Kitako cha duara, midomo mipana, moto unakaa katikati na pembeni pana afadhali. Kila mtaa wa Arusha una mama mwenye karai. Tulichokosa siku zote ni kuliwekea maharage.

Akanieleza pia kwamba chakula chenyewe ni cha jimbo la Sichuan, na mabosi wake maharage hayo huyaita sijidou, yaani maharage ya misimu minne. Nikamkumbuka shangazi na mfereji wake, anavyopanda masika na kiangazi. Hata asili yake siyo Uchina. Maharage ya aina hii yalitoka bara la Amerika, yakasambaa duniani baada ya safari za Columbus za mwaka 1492. Mchina naye aliletewa kama sisi. Tofauti ni kwamba yeye aliyatia kwenye karai, sisi tukayatia kwenye kreti.

BIBI ALISEMA NI NYASI

Jumamosi ya pili nikapanda tena Tengeru, mkononi nina karai la kuazima kwa mama wa maandazi, chupa ndogo ya sosi ya soya kutoka supamaketi, na moyo unadunda. Kumpikia shangazi yako wa Kimeru jikoni kwake si mchezo. Binamu zangu walijipanga mlangoni kama wanaangalia video.

Kabla ya kuvuna nikauliza swali muhimu: "Shangazi, umepiga dawa lini?" Akaenda ndani akatoka na daftari. Kampuni inawalazimisha kuandika kila dawa, tarehe yake, na siku za kusubiri kabla ya kuvuna. Siku zilikuwa zimeshapita salama. Wewe wa mjini nawe muulize unayenunua kwake, na osha vizuri. Huoni aibu kuuliza bei, usione aibu kuuliza dawa.

Tukachuma yale manene, yale yaliyopinda, yale ambayo gari lisingeyachukua. Nikaosha, nikayatandaza juu ya kitambaa safi juani mpaka yakakauka kabisa. Nikakata vichwa na mikia. Moto wa kuni kwenye mafiga ukawaka kweli kweli, nikabandika karai, nikamimina mafuta ya alizeti. Nikachovya ncha ya mwiko, yakatoa viputo pembeni. Tayari. Nikaweka kiganja kimoja kimoja, nageuza bila kufunika. Dakika tano, sita, ngozi ikaanza kujikunja na kupata madoa ya kahawia. Nikayaopoa.

Nikabakiza mafuta kidogo, nikatupia vitunguu saumu, tangawizi na pilipili. Hapo jiko zima likanyamaza. Harufu ile ilitoka nje mpaka kwa jirani, akaja kuuliza kuna mgeni gani. Nikarudisha maharage, kijiko cha sosi ya soya, nikageuza mara tatu nne, nikaepua. Kutoka mafuta kupata moto mpaka sahani, kama dakika 10.

Wa kwanza kukataa alikuwa bibi, mama mkwe wa shangazi. "Hizo ni nyasi za Wazungu," akasema, akaendelea na loshoro yake. Shangazi akachukua moja kwa vidole. Akatafuna taratibu, anaangalia shamba kupitia mlangoni. Akachukua la pili. La tatu. Sisi wote kimya.

"Miaka yote hii," akasema polepole, "mimi nilikuwa sijui ninauza nini."

Msomaji, mimi ni mtoto wa kiume wa Ngarenaro, silii hovyo. Lakini ule moshi wa kuni siku ile ulikuwa mkali kidogo.

Bibi naye akajisogeza. Akaomba "zile nyasi" awekewe pembeni ya loshoro. Mara akaomba tena. Ukitaka kujua, ule ubichi wa mtindi na pilipili ya maharage vinapendana kuliko wali. Hiyo hata Mchina hajaigundua.

KAMA UNATAKA KUJARIBU

Kwa watu wawili au watatu chukua maharage machanga nusu kilo, punje 4 za kitunguu saumu zilizokatwakatwa, kipande cha tangawizi chenye urefu wa kidole gumba, pilipili kavu 2, na kijiko kimoja cha chakula cha sosi ya soya. Mafuta yatoshe kufunika kitako cha karai kwa kina cha sentimita moja hivi, yanayobaki chuja utumie tena. Huna sosi ya soya? Tia chumvi na ukamulie limao wakati wa kuepua, si Sichuan tena lakini ni tamu. Ukiwa na ufuta, ukaange kidogo pembeni unyunyizie juu. Kitunguu saumu usikiache kikawa cheusi, kitachacha mboga yote kwa uchungu.

Angalizo moja: usile mabichi ukijifanya wa kisasa. Maharage yana sumu ya asili inayosumbua tumbo, nayo huisha kwa moto. Ukitafuna na yakalia kama ndala mpya, rudisha jikoni.

Na kingine, wewe unayelalamikia bei ya mkaa. Arusha mjini tuko kama mita 1,400 juu ya usawa wa bahari, na huku maji huchemka kwenye nyuzi joto 95 hivi badala ya 100. Ndiyo maana maharage makavu yanakulia mkaa mpaka unakata tamaa. Mafuta hayana habari na mlima. Dakika 10 ni dakika 10.

Sasa utauliza, shangazi amekuwa tajiri? Hapana, nisikudanganye. Bado analimia kampuni, na deni la mbegu bado wanakata. Ila rijekti haziendi zizini moja kwa moja tena. Anachambua yale mazuri, anafunga mafungu, anashuka nayo sokoni Jumatano na Jumamosi. Jumamosi ya kwanza aliuza beseni moja, la pili akarudi nalo. Anasema tatizo ni lile lile, watu wanasimama wanauliza "yanapikwaje?", na yeye hawezi kubeba karai sokoni kila siku.

"Wewe si mwandishi?" akaniambia nilipokuwa napanda haisi kurudi. "Andika basi."

Nimeandika, shangazi. Kuhusu kung'oa, amesema anasubiri msimu uishe ndipo aamue. Kwa hiyo msomaji, Jumamosi hii ukiwa huna la kufanya, panda haisi mpaka Tengeru, tafuta mafungu ya kijani yaliyopinda kidogo, na usisahau kusalimia kabla ya kuuliza bei. Fanya haraka, maana ng'ombe wa shangazi naye bado yupo na ameanza kuniangalia vibaya.

Tukutane wiki ijayo, panapo majaliwa.